Tuwachagulie Vijana Vitabu vya Historia na Safari

Haya ni mazungumzo yaliyotolewa Kinole, Morogoro Vijijini, mbele ya wazazi, vijana na wanakisomo.

Ndugu wazazi, ndugu wanakisomo wenzetu, na ninyi vijana mliokaa huko nyuma, sogeeni mbele kidogo.

Tumekuja kuzungumza juu ya jambo moja tu. Fedha za vitabu zipo. Si nyingi. Zimetoka kwenye ndizi, machungwa na karafuu, na kila mmoja wetu anajua uzito wa mkungu wa ndizi kichwani mpaka uufikishe barabarani. Tunataka kuwanunulia vitabu vijana wa miaka 10 mpaka 16. Wao wenyewe wamesema wanataka vitabu vya historia na vya safari. Hadithi za sungura wamezichoka. Haya, ni sawa. Lakini kitabu gani tukinunue, na kipi tukiache hapo hapo dukani?

Kuna wenzetu waliosema historia ni historia, chukua chochote chenye jalada zuri. Sisi hatukubali. Kitabu cha hesabu kikikosea, jibu halitoki na mwalimu ataona. Kitabu cha historia kikikosea, nani ataona? Mtoto atasoma, ataamini, naye atakuja kuwasimulia watoto wake. Ndiyo maana tunaomba tuvikague vitabu kama tunavyokagua mbegu kabla ya kulipa.

Tuanze na jambo lililotokea chini ya milima yetu hii. Mwaka 1857 Waingereza wawili, Burton na Speke, walitoka pwani kwenda kuyatafuta maziwa makuu ya bara. Njia yao ilipita upande wa kusini wa Uluguru, Dutumi na Zungomero. Hapo Dutumi homa iliwalaza wote wawili. Baadaye walifika Ujiji, wakaliona Ziwa Tanganyika. Mwaka 1858 Speke akafika upande wa Mwanza, akaliona ziwa kubwa ambalo alilipa jina la malkia wake, Victoria.

Sasa fungua kitabu cha watoto kinachoeleza safari hiyo. Vingi vitakuambia kwamba Speke aligundua ziwa. Jamani, aligundua? Wasukuma walikuwa wakivua samaki humo. Wahaya, Wakerewe, Waganda na Wajaluo walikuwa wakinywa maji yake. Mtu hawezi kugundua kisima ambacho wenyeji wanachota kila siku. Kinachofaa kuandikwa ni kwamba Speke alikuwa Mzungu wa kwanza kufika na kuwapelekea habari watu wa kwao. Hiyo ni kweli, wala haimnyimi sifa yake. Basi mkiwa dukani tafuteni neno hilo, "aligundua", mwone mwandishi amelitumiaje. Akilimwaga kila ukurasa, kirudisheni kitabu rafuni.

La pili la kuangalia ni majina. Burton na Speke hawakubeba mizigo yao. Hawakuijua njia. Lugha za bara hawakuzijua. Alikuwapo mtu aliyeitwa Sidi Mubarak Bombay. Huyu alikuwa Myao. Alikamatwa akiwa mtoto, akauzwa utumwani, akapelekwa India. Bwana wake alipokufa akapata uhuru, akarudi Afrika. Alisafiri na Burton na Speke. Akasafiri tena na Speke na Grant kuanzia mwaka 1860, wakapita Buganda mpaka Misri. Mwaka 1871 alikuwa mkubwa wa askari wa Stanley. Mwaka 1873 akaondoka na Cameron Bagamoyo, wakaikata Afrika nzima, wakafika bahari ya Atlantiki mwaka 1875. Chama cha wanajiografia cha Uingereza kilimtunukia nishani ya fedha.

Tuwaulize vijana: kati ya watu hao wote, nani alitembea zaidi? Kijana akisoma kwamba Burton alikwenda, Speke alikwenda, Stanley alikwenda, na pamoja nao walikuwapo "wapagazi", anaelewa kwamba babu zake walikuwa kama punda tu. Akisoma habari za Bombay, anaelewa jambo jingine kabisa. Kwa hiyo pekueni kurasa. Je, wapagazi wana majina? Viongozi wa njia wana majina? Wanawake waliopika njiani wanatajwa? Livingstone alipofariki mwaka 1873 katika kijiji cha Chitambo, nchi ambayo leo ni Zambia, watu wake waliukausha mwili wake wakaubeba karibu miezi tisa mpaka Bagamoyo. Waliokuwa mbele katika kazi hiyo ni Chuma na Susi. Alikuwamo na mwanamke, mpishi, jina lake Halima. Kitabu cha safari hiyo kikiwaacha hawa, kitakuwa kimeeleza nini? Maiti haikutembea yenyewe.

Jambo la tatu ni gumu kidogo, lakini vijana wa miaka 14 wanaliweza. Kila msimuliaji ana upande wake. Stanley alipita Morogoro mwaka 1871. Aliukuta mji wenye ukuta wa mawe ulioitwa Simbamwene. Ulianzishwa na Kisabengo, Mzigua, na wakati huo aliyetawala alikuwa binti yake. Stanley aliusifu mji, lakini Kisabengo alimwandika kama mnyang'anyi. Inawezekana kabisa kwamba watu waliteswa na Kisabengo. Lakini angalieni na hili: Stanley aligombana na huyo mama. Alidaiwa hongo ya njia, akaona anadaiwa mara mbili, akakataa. Watu aliowatuma mjini wakazuiliwa. Sasa mtu aliyegombana nawe akiandika habari zako, ataandika yote mazuri? Aliporudi mwaka 1872 alikuta mafuriko yameuharibu sana mji ule. Habari hiyo inatufaa, maana aliyaona kwa macho yake.

Hatusemi kitabu cha namna hiyo kitupwe. Hapana. Stanley aliandika siku na mahali, akahesabu vijiji, akataja mito. Bila yeye tusingejua hata kidogo tunachokijua juu ya ukuta ule. Tunachosema ni kwamba kijana asisome kitabu kimoja tu juu ya jambo moja. Fedha zikitosha vitabu kumi, ni afadhali viwe viwili viwili juu ya mambo yale yale, vijana wavilinganishe na kubishana. Wakibishana ndipo wanapojifunza.

Mtu mmoja ametuuliza jana, je, watu wetu wenyewe hawakuandika safari zao? Waliandika sana! Mwaka 1901 Mjerumani aitwaye Velten alichapisha Ujerumani kitabu cha "Safari za Wasuaheli". Ndani yake wamo Waswahili wanaoeleza kwa Kiswahili chao jinsi walivyokwenda bara. Yumo Salim bin Abakari aliyefuatana na Mjerumani mwaka 1896 mpaka Urusi na Siberia. Fikirini: mtu anayesema Kiswahili, miaka zaidi ya mia iliyopita, yuko katika nchi ya theluji, anawatazama watu wa huko na kuandika walivyovaa na walivyokula! Tumezoea kusoma Mzungu akitushangaa sisi. Huyu anawashangaa Wazungu.

Yupo pia Martin Kayamba, karani wa Tanga. Mwaka 1931 alikwenda London pamoja na Chifu Makwaia wa Usiha na Francis Lwamgira wa Bukoba. Walikwenda kutoa ushahidi mbele ya kamati ya Bunge la Uingereza juu ya mpango wa kuziunganisha Tanganyika, Kenya na Uganda chini ya serikali moja ya kikoloni. Aliporudi aliandika kijitabu kwa Kiswahili juu ya mambo waliyoyaona Uingereza.

Vitabu hivi havipatikani katika kila duka, na Kiswahili chake ni cha zamani. Kijana peke yake atakwama. Lakini tunaweza kuuliza katika maktaba ya mkoa pale Morogoro mjini, na sisi watu wazima tukakaa na vijana tukasoma pamoja. Maneno mengine ya zamani sisi ndio tunaoyajua, wao hawayajui. Hapo hata aliyejifunza kusoma ukubwani anakuwa mwalimu.

Kuna kitabu kimoja ambacho tumebishana sana sisi wenyewe katika kamati. Ni maisha ya Tippu Tip, Hamed bin Muhammed, aliyoyasimulia mwenyewe kwa Kiswahili. Kiswahili chake ni kizuri, na safari zake za Kongo ni ndefu ajabu. Lakini mtu huyu alifanya biashara ya pembe za ndovu na watumwa. Anasimulia vita na faida yake. Waliofungwa minyororo hawapati nafasi ya kusema. Wengine kati yetu walisema kisinunuliwe kabisa. Wengine walisema kinunuliwe, kiwe cha vijana wakubwa, kisomwe mbele ya mtu mzima, na kando yake kiwepo kitabu kinachoeleza utumwa kwa upande wa waliouzwa. Sisi tumelikubali wazo la pili. Kumficha kijana habari za utumwa si kumlinda. Ataukuta tu mbele ya safari, na huko hatakuwapo wa kumweleza.

Sasa mambo madogo ya dukani. Angalieni mwaka wa kuchapishwa, umeandikwa kurasa za mwanzo. Vitabu vingi vya bei nafuu ni vya zamani. Ramani ikionyesha Rhodesia, jueni ni ya kabla ya 1980, maana mwaka huo nchi ilipata uhuru kwa jina la Zimbabwe. Ikionyesha Zaire, ni ya kabla ya 1997. Kama Sudan Kusini haimo, ni ya kabla ya 2011. Hata mikoa yetu imeongezeka: Geita, Katavi, Njombe na Simiyu mwaka 2012, na Songwe mwaka 2016. Kitabu cha namna hiyo si kiongo, ni mzee tu. Kinaweza kununuliwa kama ni kizuri, ila mkubwa aandike ndani ya jalada kwamba ramani hii ni ya zamani. Tena, kitabu cha safari kisicho na ramani hata moja, sisi tunakiona kama gari lisilo na taa. Maandishi yawe makubwa kiasi. Taa zetu mnazijua.

Tumebakiwa na jambo moja, nalo fedha haziwezi kulinunua. Kitabu cha vijana juu ya Kinole hatujakiona dukani. Soko kuu la Morogoro mjini linaitwa Soko la Chifu Kingalu. Vijana wetu wanapeleka machungwa pale, na ukiwauliza Kingalu ni nani, wengine wanacheka tu. Jina hilo limeshuka kutoka hapa! Si jina la mtu mmoja, ni jina la cheo, anayerithi cheo anarithi na jina, na watu wa mbali walikuwa wakija kwake kuomba mvua.

Au chukueni habari za matuta ya ngazi. Kuanzia mwaka 1950 hivi, serikali ya kikoloni iliwalazimisha Waluguru kuchimba matuta milimani, eti kuzuia mmomonyoko. Watu walichoka na kazi hiyo, na mashamba mengine yakaharibika kwa kufukuliwa udongo wa chini usio na rutuba. Mwaka 1955 ghasia zikatokea Matombo, polisi wakapiga risasi, mtu akauawa. Mpango ukaachwa. Wataalamu wameyaandika mambo hayo kwa Kiingereza, katika vitabu vinene visivyofika huku. Lakini mtoto aliyekuwa na miaka 10 mwaka ule, leo amekwisha pita miaka 80. Wako wangapi hapa kijijini? Tuhesabu. Si wengi.

Kwa hiyo kamati imetenga sehemu ndogo ya fedha kununua madaftari. Kila kijana atakayeazima kitabu cha historia atakwenda kwa mzee mmoja, atamwuliza juu ya matuta, na ataandika. Aandike jina la mzee, kitongoji chake, na siku aliyozungumza naye. Wazee wawili wakitofautiana, aandike maneno ya wote wawili, asiwapatanishe.

Orodha ya vitabu vinavyopendekezwa itabandikwa ofisi ya kijiji. Mwenye kitabu anachokijua au anachokikataa aje aseme kabla hatujakwenda mjini. Na ninyi vijana, madaftari yapo kwa karani. Tumieni kalamu ya wino. Bibi mmoja wa kitongoji cha juu ametuambia atakuwa nyumbani Jumamosi mchana, lakini anasikia kwa sikio la kulia tu, kwa hiyo kaeni upande huo.