Makaa ya Mawe ya Kusini: Kutoka Kiwira hadi Mchuchuma, na Miaka Iliyobaki



Nimeombwa nizungumzie katika semina hii makaa ya mawe ya nchi yetu, yalikotoka na yanakoelekea. Naanza na msimamo wangu ili mjadala upate pa kushika. Tanzania haijawahi kupungukiwa makaa. Kwa zaidi ya karne moja ilichopungukiwa ni mnunuzi wa uhakika aliye karibu, na njia ya kumfikishia mzigo. Sasa wanunuzi wamejitokeza, lakini wamejitokeza wakati dunia yenyewe inaanza kuyapa makaa kisogo. Kwa hiyo swali la tuchimbe tani ngapi lisubiri kwanza. Tuamue tunachimba kwa kazi gani.

Yalijulikana mapema

Makaa yetu yamelala kusini magharibi, katika mabonde ya miamba ya Karoo iliyojengeka zaidi ya miaka milioni 250 iliyopita: Songwe na Kiwira, Ketewaka na Mchuchuma wilayani Ludewa, Ngaka wilayani Mbinga, na vipande vingine hadi Rukwa. Wajiolojia wa Kijerumani, akiwamo Wilhelm Bornhardt aliyeizunguka nchi hii miaka ya 1890, waliandika habari za makaa ya upande wa Ziwa Nyasa. Waingereza wakaja na ramani zao za bonde la Ruhuhu, lenye Mchuchuma na Ngaka. Kila kizazi cha watafiti kilithibitisha jambo lile lile, kisha kikafunga vitabu vyake kwa sababu ile ile: kutoka Ruhuhu hadi baharini ni mamia ya kilomita, na reli zilizojengwa zilifuata mkonge, pamba na kahawa.

Kiasi kilichomo ardhini hutajwa kwa namna mbalimbali, kuanzia tani bilioni 1.9 hadi bilioni 5. Sioni faida ya kugombania tarakimu hizo. Hata ile ndogo, tukichimba tani milioni tatu kila mwaka, ingetuchukua zaidi ya miaka mia sita kuimaliza. Hakuna mtu katika chumba hiki anayeamini kwamba makaa yatakuwa na soko muda wote huo.

Somo la Kiwira

Naomba tukae kidogo Kiwira, kwa sababu karibu kila kosa tunaloweza kulifanya kesho lilikwisha kufanyika pale.

Mgodi ulijengwa kwa msaada wa China na kufunguliwa mwaka 1988, chini ya Shirika la Madini la Taifa, STAMICO. Ulikuwa mgodi wa chini ya ardhi wenye uwezo wa kuzalisha tani 150,000 kwa mwaka, pamoja na mtambo wake wa umeme wa megawati 6. Kwa nchi iliyokuwa imetoka kwenye vita vya Kagera na uhaba wa kila kitu, ilikuwa kazi kubwa, na wachimbaji walioingia mle chini walipata ujuzi ambao haukuwapo nchini. Ninasisitiza hilo kwa sababu mara nyingi tunaizungumzia Kiwira kana kwamba ilikuwa ndoto mbaya tangu siku ya kwanza.

Tatizo lilikuwa juu ya ardhi. Reli ya TAZARA inapita Mbeya, lakini haikufikishwa mgodini, hivyo kila tani ilipanda lori na kupanda milima. Mteja mkubwa wa jirani alikuwa kiwanda cha saruji cha Mbeya. Mgodi wenye mteja mmoja hufanya kazi kwa pumzi ya mteja huyo: kiwanda kikipunguza kasi, makaa yanalundikana, makaa yakilundikana, mishahara inachelewa, mishahara ikichelewa, mafundi wazuri wanaondoka na vipuri havinunuliwi. Mgodi wa chini ya ardhi hauwezi kuachwa ukalala halafu ukaamshwa utakapo. Maji yanaingia, nguzo zinachoka, hewa inaharibika. Hata pale ambapo hakuna kinachochimbwa, lazima mtu alipe gharama ya kuuweka hai.

Mwaka 2005 mgodi ukabinafsishwa. Mradi wa kupanua umeme hadi megawati 200 ukazungumzwa sana na haukujengwa. Uzalishaji ukasimama, wafanyakazi wakabaki wakidai haki zao, suala likafika bungeni, na hatimaye serikali ikaurudisha mgodi mikononi mwa STAMICO. Wengi wanaisoma hadithi hii kama hadithi ya maadili ya viongozi, na sehemu hiyo ipo. Lakini hata mwekezaji mwadilifu kuliko wote angekuta barabara ile ile na mteja yule yule. Tukiamini kwamba kilichoiua Kiwira ni watu wabaya peke yao, tutarudia mpango ule ule kwa watu wazuri na kushangaa matokeo.

Ngaka na bei ya dunia

Mwaka 2008 Shirika la Maendeleo la Taifa, NDC, liliingia ubia na kampuni ya Intra Energy ya Australia. NDC ikabaki na asilimia 30 katika kampuni ya ubia, Tancoal, na mwaka 2011 uchimbaji ukaanza Ngaka, katika kijiji cha Ntunduwaro. Huu ni mgodi wa wazi. Unaondoa udongo na miamba ya juu, unachukua makaa, na mtambo ukisimama leo unaweza kuwashwa kesho. Kwa gharama ni rahisi mno ukilinganisha na Kiwira. Kwa ardhi na vumbi, bei yake hulipwa na wanaoishi pembeni.

Agosti 2016 serikali ilipiga marufuku kuagiza makaa kutoka nje. Kiwanda cha saruji cha Dangote cha Mtwara kilikuwa kinaleta makaa ya Afrika Kusini kwa meli, na hesabu zake hazikuwa za kijinga: kwa kiwanda kilicho karibu na bahari, meli kutoka ng'ambo inaweza kuwa nafuu kuliko lori kutoka Mbinga. Mvutano ukafuata, na mwaka 2017 Rais Magufuli akaagiza kiwanda kipewe eneo lake la kuchimba huko Ngaka. Mimi naunga mkono marufuku ile. Iliwapa wachimbaji wetu soko ambalo hakuna semina ingeweza kulitengeneza. Ila sheria inaweza kumlazimisha mnunuzi. Haiwezi kufupisha barabara. Dangote wenyewe waligeukia pia gesi asilia ya Mtwara, kama kiwanda cha saruji cha Twiga cha Wazo Hill kilivyofanya miaka mingi kabla kwa gesi ya Songo Songo.

Kisha likaja jambo ambalo hakuna mpango wetu wowote uliolitarajia. Urusi iliivamia Ukraine Februari 2022, na Agosti mwaka huo Umoja wa Ulaya ukafunga mlango kwa makaa ya Urusi. Tani moja ambayo katika soko la dunia ilikuwa takribani dola 50 katikati ya mwaka 2020 ikapita dola 400. Ghafla makaa ya Ruvuma, yakisafirishwa zaidi ya kilomita 600 hadi bandari ya Mtwara, yakawa na faida hata Uholanzi na Ufaransa. Bandari iliyokuwa ikisubiri msimu wa korosho ikajaa meli. Vijana wa Mbinga na Songea wakapata kazi za udereva, ufundi, upishi, ulinzi. Kitai, wilayani Mbinga, pakachangamka. Nilifurahi kama kila mtu wa kusini alivyofurahi.

Hata hivyo tupige hesabu ya malori. Tani milioni moja, kwa lori la tani 30, ni safari zaidi ya 33,000 kwenda, na nyingine kama hizo kurudi, nyingi zikiwa tupu. Barabara ya Songea hadi Mtwara, kupitia Tunduru na Masasi, ilijengwa kwa fedha ya walipa kodi na mikopo ya taifa. Bei iliposhuka mwaka 2023 na kurudi chini ya dola 150, msafirishaji ndiye aliyebanwa kwanza, kisha mchimbaji mdogo, na barabara ikabaki na majeraha yake. Ikiwa gharama ya uchakavu huo haimo katika bei ya makaa, basi mkulima wa mihogo wa Tunduru anamchangia mwenye tanuru la Ulaya.

Umeme au chuma

Sasa nije Mchuchuma. Septemba 2011 NDC ilitia saini na kampuni ya Sichuan Hongda ya China mkataba wa dola bilioni 3: makaa ya Mchuchuma, yanayokadiriwa kufikia tani milioni 428, yawashe mtambo wa megawati 600, umeme huo ufue chuma cha Liganga, chenye takribani tani milioni 126. Wana Ludewa wamesubiri tangu wakati huo. Kuna watu walioambiwa wasipande mazao ya kudumu katika mashamba yao kwa sababu mradi unakuja, na fidia ikaanza kulipwa mwaka 2023. Miaka ya kumsimamisha mkulima namna hiyo haina mstari katika vitabu vya hesabu vya mradi wowote, na ingepaswa kuwa nao.

Msimamo wangu ni kwamba mtambo wa megawati 600 usijengwe. Wakati mkataba unatiwa saini, nchi ilikuwa gizani na kila megawati ilikuwa ya thamani. Leo bwawa la Julius Nyerere katika Mto Rufiji lina uwezo wa megawati 2,115, na gesi ya Mtwara inafika Dar es Salaam kwa bomba tangu 2015. Mtambo wa makaa wa ukubwa ule ungeteketeza karibu tani milioni 2 kwa mwaka kwa miaka thelathini au arobaini. Nani atakopesha fedha hizo? Benki ya Dunia ilijiondoa karibu kabisa mwaka 2013. Septemba 2021 Rais Xi Jinping alitangaza mbele ya Umoja wa Mataifa kwamba China haitajenga mitambo mipya ya umeme wa makaa nje ya nchi yake, na mbia tuliyetia naye saini anatoka China. Jirani zetu wa Kenya walipanga mtambo wa megawati 1,050 Lamu. Juni 2019 mahakama ya mazingira ikafuta leseni yake baada ya wananchi kulalamika kwamba hawakushirikishwa ipasavyo. Hizi ni ishara za kutosha.

Chuma ni habari nyingine. Nchi inayojenga reli, madaraja na nyumba kwa nondo zinazotokana na chuma cha kuagiza, huku mlima wa Liganga umekaa, inapoteza fedha za kigeni na, zaidi ya hizo, ujuzi. India inatengeneza chuma sponji kwa makaa yasiyo ya koki, na ndiyo nchi inayoongoza duniani kwa bidhaa hiyo. Njia hiyo inachafua, sifichi. Lakini katika chuma na saruji, makaa bado hayana mbadala ulio rahisi: tanuru la klinka, malighafi kuu ya saruji, linahitaji joto la nyuzi 1,450, na mbadala uliopo ni gesi au taka zinazoungua, penye bomba au penye ukusanyaji wa taka. Kiwanda cha klinka cha tani milioni moja kwa mwaka hutumia takribani tani 130,000 hadi 150,000 za makaa, yaani karibu uwezo wote wa Kiwira ya 1988. Mteja wa namna hiyo, aliye nchini na mwenye mkataba wa miaka kumi, ana thamani kubwa kwetu kuliko meli tatu za msimu wa vita. Na Liganga ikifua kwa umeme wa maji kutoka gridi ya taifa, makaa yakabaki kwa kazi ya kikemia tu, hewa ukaa itapungua na chuma chetu kitasimama vizuri zaidi mbele ya masharti kama yale ya Umoja wa Ulaya, ambao tangu Januari 2026 unahesabu na kutoza hewa ukaa ya chuma na saruji zinazoingia kwake.

Kuhusu mkaa mbadala wa kupikia unaotengenezwa kwa makaa ya mawe, Rafiki Briquettes wa STAMICO, nina neno fupi. Mkakati wa Taifa wa Nishati Safi ya Kupikia wa 2024 unalenga asilimia 80 ya Watanzania watumie nishati hiyo ifikapo 2034, na misitu yetu inahitaji nafuu hiyo. Kwa shule, magereza na kambi zenye majiko makubwa yenye bomba la moshi, naona nafasi yake. Kwa chumba kimoja cha Mbagala ambamo mama anapika na watoto wanalala, nina hofu. Shirika la Afya Duniani lilishauri mwaka 2014 makaa ghafi yasitumike majumbani, na hata yakichakatwa, kaboni monoksidi haionekani wala hainuki. Vipimo vya hewa ndani ya nyumba halisi vitangulie matangazo ya biashara.

Fedha za vijiji

Sheria inadai dhamana ya ukarabati wa mazingira kutoka kwa mchimbaji, na halmashauri hupata ushuru wa huduma unaotokana na mauzo. Dhamana inafukia shimo. Haiwafundishi kazi nyingine watu waliozoea kuishi kwa shimo hilo. Mbinga iliishi kwa kahawa kabla ya makaa, na Wamatengo walilima miteremko kwa mashimo yao ya ngoro bila kuimomonyoa kwa vizazi. Bahati hiyo Ludewa na Ileje, upande wa Kiwira, hawana kwa kiwango kile kile.

Ninapendekeza semina hii ipeleke jambo moja wizarani na kwa halmashauri husika: sehemu ya ushuru wa huduma unaotokana na makaa itengwe katika akaunti isiyoguswa kwa matumizi ya kawaida, ianze mwaka huu wakati malori bado yanapita, na itumike kwa mafunzo ya ufundi ya VETA ya umeme, uchomeleaji na mitambo mizito, pamoja na miche ya kahawa na maji. Taarifa yake isomwe katika mkutano mkuu wa kijiji kila robo mwaka, tarakimu kwa tarakimu. Kiasi cha kutenga kijadiliwe hapa, lakini mimi nisingekubali chini ya robo. Na kila leseni mpya ya makaa iombwe ikiwa na mkataba wa mnunuzi wa ndani mkononi, ratiba ya kufunga mgodi, na tarehe ya mwisho ambayo baada yake mkulima aliyezuiwa kupanda anarudishiwa uhuru wa shamba lake.