Kufinyanga Sauti
(Hotuba iliyotolewa mbele ya wanafunzi wa zamani na wa sasa, Zirai)

Ndugu Mwenyekiti, Mwalimu Mkuu, walimu, wazee wenzangu mliopanda mlima huu kwa magoti yanayolalamika, nanyi vijana wetu.

Asubuhi nilisimama mbele ya ubao wa matangazo nikasoma insha ya kijana wa kidato cha tatu. Amebuni nchi ya ajabu ambamo wachawi hufinyanga sauti kama mfinyanzi afinyangavyo udongo: huikata, huirefusha, huificha chunguni. Chini yake mwalimu ameandika kwa wino mwekundu: "Vizuri, lakini haiwezekani." Uniwie radhi, Mwalimu. Kazi hiyo imenilisha zaidi ya miaka 20.

Nilikuwa mtu wa kutia milio katika michezo ya redio. Huku Usambara wazee wetu waliamini kwamba mvua imo mikononi mwa mfalme wa Vugha, na Kimweri ye Nyumbai, aliyefariki mwaka 1862, alikuwa mmoja wa wafalme hao. Mvua yangu mimi ilikuwa choroko kavu katika ungo. Nikiuzungusha polepole mbele ya kipaza sauti, manyunyu, nikiharakisha, mafuriko. Mtauliza, kwa nini nisinase mvua yenyewe? Nilijaribu. Ilisikika kama mtu anayekaanga vitumbua. Sikio lina ukaidi wake. Radi ilikuwa bati jembamba lililoning'inizwa na kutikiswa, farasi vifuu viwili vya nazi, na moto ile karatasi ya nailoni ya pakiti ya sigara ikifinywa taratibu.

Lakini hayo ni mambo ya jikoni tu. Ufundi wenyewe ulikuwa katika kanda. Kanda zile zilikuwa plastiki nyembamba iliyopakwa unga wa kutu ya chuma, na sauti iliandikwa humo kwa sumaku. Zetu zilipita katika mashine kwa mwendo wa inchi 7.5 kwa sekunde. Yaani, vijana wa fizikia, maneno ya mtu yaliweza kulazwa mezani yakapimwa kwa rula! Msemaji akikohoa, unakitafuta kikohozi chake, unakikata kwa wembe, mshazari, unaunga, na msikilizaji hajui. Huko Uingereza, mwaka 1963, Delia Derbyshire aliuchukua muziki uliotungwa na Ron Grainer kwa ajili ya mchezo wa televisheni wa Doctor Who, akautengeneza kwa kukata na kuunga kanda, noti baada ya noti.

Wala msidhani redio ilikuwa ya kupitisha jioni tu. Mwaka 1973 kampeni ya Mtu ni Afya iliwakusanya watu wapatao milioni 2 katika vikundi vya kusikiliza, na walipoinuka walishika majembe wakachimba vyoo.

Sasa niseme jambo ambalo sijapata kulisema hadharani.

Fundi wa kwanza wa sauti niliyemjua ni babu yangu. Alikuwa akiita watu ng'ambo ya bonde. Sauti husafiri mita 340 hivi kwa sekunde, kwa hiyo genge lililo mita 170 mbele yako hukurudishia neno lako baada ya sekunde moja. Babu hakusoma hayo. Aliita neno moja, akanyamaza hadi mwangwi ufe, ndipo akatia la pili. Sisi watoto tulipiga kelele mfululizo, tukapata fujo tupu. Mwaka 1974 nilikuja likizo na kinasa sauti, nikamnasa akiita, kisha akisimulia habari za ukoo wetu kwa Kishambaa, kanda nzima. Mwaka uliofuata alifariki.

Usiku mmoja, miezi michache baadaye, nilihitaji radi kwa mchezo wa kesho yake. Kanda tupu zilikuwa kabatini na ufunguo ulikuwa kwa mwenzangu aliyelala. Nikaona uvivu kumwamsha. Nikachukua kanda iliyokuwa rafuni, haina jina. Mimi ndiye niliyekuwa sikuiandika jina. Katika mashine ile kichwa cha kufutia hutangulia kichwa cha kunasia, basi kila inchi niliyoitia radi ilikuwa imekwisha kufutwa kwanza. Nilitikisa bati kwa bidii sana. Wasikilizaji, nakumbuka, waliisifu radi ile.

Nilipojua, nilikuwa nimebakiwa na kipande cha mwisho, pale ambapo radi haikufika. Nilikipima: inchi 15. Sekunde 2. Babu anaita jina langu, mara moja, kisha ananyamaza kuungoja mwangwi, na hapo kanda inakwisha.

Mwalimu Mkuu ameniruhusu kuweka mashine pale mezani. Yule kijana wa insha, kama yumo humu, naomba aje abonyeze, maana mikono yangu inatetemeka. Nanyi mlio nyuma, tafadhali fungeni milango.