Umoja wa Chungu Una Mpaka

Katika mikutano ya ushirika, mahafali ya shule, na hata harusi zenye mgeni rasmi mwenye pumzi ndefu, kuna mdudu mmoja asiyekosa kutajwa. Chungu. Tunaambiwa tumwige: hana ugomvi, hana choyo, anabeba mzigo na mwenziwe mpaka nyumbani. Sifa zake ni za kale. Kitabu cha Mithali kinampeleka mvivu kwa chungu akajifunze, na katika Sura ya 27 ya Kurani, Suratun-Naml, ni chungu anayewaonya wenzake waingie majumbani mwao wasije wakapondwa na jeshi la Nabii Suleiman. Na vitabu sina neno. Neno langu ni na mgeni rasmi, maana vitabu vimesema chungu ana bidii na ana hadhari. Hilo la kwamba hana ugomvi, kaliongeza yeye.

Leo nitamchukua chungu mmoja tu, ambaye wasikilizaji wa Unguja, Pemba, Tanga na Kwale wanamjua kwa ngozi zao: maji moto. Ni wale wa rangi ya kahawia iliyoiva, wenye miguu mirefu, wanaokaa juu ya miembe, michungwa na mikarafuu ndani ya viota vya majani mabichi. Ukitikisa tawi lao wanakudondokea shingoni. Wanauma kwanza, kisha wanapinda tumbo na kupulizia tindikali palepale walipouma. Hakuna mkwezi wala mchuma karafuu anayewapenda.

Lakini kaa mbali kidogo uwatazame wanavyojenga. Wafanyakazi wanajipanga ukingoni mwa jani, kila mmoja kashika kwa meno ukingo wa jani la pili, wanavuta. Nafasi ikiwa pana kuliko urefu wa mmoja wao, mmoja anamshika mwenziwe kiunoni, na huyo anashikwa na mwingine, mpaka mnyororo wa chungu unafika ng'ambo. Majani yanakaribiana. Na uzi wa kushonea? Wakubwa hawana uzi. Uzi wanao watoto. Basi anakuja mfanyakazi amebeba buu mdomoni, anamgusisha jani la huku, anampeleka jani la kule, anamrudisha, na kila anapoguswa buu anatoa hariri. Chungu wengi, buu wao hujifumia kifukofuko cha hariri kabla ya kugeuka mkubwa. Buu wa maji moto hariri yake yote imekwenda kwenye nyumba ya ukoo, hivyo hugeuka akiwa mtupu, bila hata shuka. Mgeni rasmi hajawahi kutuambia kwamba taifa lile linasimama juu ya ajira ya watoto wachanga.

Ndani ya viota hivyo, malkia ni mmoja. Anakaa katika kiota kimoja, na mayai yake hubebwa na kusambazwa kwenye viota vingine, ambavyo vinaweza kuenea juu ya miti mingi. Wafanyakazi wote ni mabinti zake, na kundi kubwa linaweza kufikia nusu milioni. Madume huzaliwa, hungoja mvua, huruka, hupandana, hufa. Hao hatuna haja ya kuwazungumzia zaidi.

Sasa tuje kwenye ugomvi. Mwaka 1977 wataalamu wawili wa chungu, Bert Hölldobler na Edward O. Wilson, waliokuwa Chuo Kikuu cha Harvard, walichapisha matokeo ya uchunguzi wao juu ya maji moto waliotolewa Kenya. Waliona kwamba kundi huweka mpaka wake kwa matone ya kinyesi, na harufu ya matone hayo ni ya kundi hilo peke yake. Chungu anayekanyaga ardhi mpya hutambua kama ni yao au ya wengine. Vita vikitokea, wale wanaopigana juu ya alama zao hupata nguvu kama timu iliyo uwanja wa nyumbani. Kati ya himaya mbili hubaki ukanda mwembamba usio na mwenyewe, na ukipita pale siku ya vita utakuta viungo vya chungu vimetapakaa. Tena viota vya mpakani hukaliwa na wafanyakazi wazee, wale ambao kazi za ulezi zimeshawapita. Wao ndio wa kwanza kutoka adui akitokea.

Na adui huyo ni nani? Mara nyingi ni maji moto mwenzake. Maji moto wa mwembe huu na maji moto wa mwembe ule, wa sura moja na tabia moja, wametengwa na harufu tu.

Ajabu ni kwamba wivu huo wa mpaka ndio unaotulisha sisi nazi. Mwanzoni mwa miaka ya 1950, mtaalamu wa wadudu kutoka Uingereza, M. J. Way, alikuwa Unguja akichunguza kwa nini minazi inapukutisha vidaka. Mhalifu ni mdudu mfyonzaji, jamaa wa mbali wa kunguni, ambaye mwaka 1955 alipewa jina la kisayansi la Pseudotheraptus wayi, kwa heshima ya Way huyo. Mdudu huyu huchoma kidaka, huingiza mate yake yenye sumu, na kidaka huanguka. Kikinusurika, hukua na makovu yenye utomvu. Wachache tu wanatosha kumnyima mwenye shamba dafu na nazi. Way aliona kwamba mnazi unaokaliwa na maji moto unapona. Si kwamba wanamhurumia mwenye mnazi. Mnazi ni himaya yao, na mfyonzaji ni kitoweo kilichoingia bila hodi. Wachina walishayajua haya kwenye michungwa yao kwa ndugu wa maji moto wanaoishi Asia. Kitabu kinachohesabiwa kuwa cha mwaka 304 kinataja viota vya chungu hao vikiuzwa sokoni.

Ila Unguja si kila mnazi una maji moto, na sababu yake iko chini, kwenye shina. Pale udongoni anakaa chungu mwingine, mdogo mno, ambaye askari wake wana vichwa vikubwa kuliko kiasi. Wataalamu wanamwita Pheidole megacephala; mimi nitamwita kichwa kikubwa. Huyu hamwezi mfyonzaji, wala hashughuliki naye. Anachoweza ni kumzuia maji moto asishuke wala asipande, mpaka anamwondoa kabisa. Mnazi unaangukia mikononi mwa mlinzi asiyelinda.

Hapa ndipo hotuba ya umoja inapoharibika kabisa. Kichwa kikubwa ana malkia wengi katika kundi moja, na katika maeneo aliyovamia, viota jirani havipigani. Chungu wa kiota hiki anaingia kile kama kwake, wanagawana chakula na watoto, na ukoo mmoja unajaa eneo kubwa bila mpaka wa ndani. Kama tunatafuta chungu mwenye umoja wa kweli, ndiye huyu. Na mahali alipofika na umoja wake, wengine wamekwisha.

Waulizeni watu wa Laikipia, Kenya. Kule nyika imejaa migunga mifupi yenye vinundu vinavyopiga mbinja upepo ukivuma. Ndani ya vinundu hivyo huishi chungu wa mgunga, ambao tembo akileta mkonga huingia ndani yake na kumuuma asikoweza kujikuna. Tembo akishaonja, anahama mti. Kichwa kikubwa alipofika huko, akisafirishwa na mizigo ya binadamu, aliwaua walinzi hao, akala watoto wao, na migunga ikabaki bila ulinzi. Januari 2024, Douglas Kamaru na wenzake walieleza katika jarida la Science kilichofuata katika hifadhi ya Ol Pejeta. Tembo walivunja miti kwa kasi mara tano hadi saba zaidi kuliko mahali ambapo kichwa kikubwa hajafika. Nyika ikawa wazi. Simba, anayehitaji kichaka cha kujificha amvizie punda milia, akaanza kuonekana toka mbali. Mwaka 2003 punda milia walikuwa asilimia 67 ya mawindo ya simba; kufikia 2020 walikuwa asilimia 42. Idadi ya simba haikupungua, kwa sababu walihamia kwa nyati, ambao kutoka sifuri walifikia asilimia 42 ya mawindo. Nyati si kitoweo cha mchezo. Simba peke yake hamwezi kwa urahisi. Yote hayo kwa sababu ya mdudu wa urefu wa milimita mbili ambaye hagombani na ndugu zake.

Basi mkulima anayemtaka maji moto shambani hana budi kuingia katika siasa zao. Mwaka 2011 Way yule yule, karibu miaka 60 baada ya Unguja, pamoja na watafiti wenzake Seguni na Van Mele, walitoa matokeo kutoka minazi ya Tanzania: kuacha nyasi na magugu chini ya minazi kunampa maji moto nafasi, na palizi ya kufagia ardhi nyeupe inampa nafasi kichwa kikubwa. Najua ni vigumu. Jirani atapita, ataona majani, atasema shamba limekufa. Mwache aseme.

Kwenye mikorosho na miembe kuna kazi zaidi, kwa sababu lazima ujue mti upi ni wa kundi lipi. Njia ni rahisi: chukua chungu wachache wa mti huu, waweke kwenye mti ule, utazame. Wakigusana vipapasio wakaendelea na safari, ni wa mama mmoja. Funga kamba toka mti hadi mti wapate njia bila kushuka chini. Wakishikana meno, ni makundi mawili. Pogoa matawi yanayogusana, na kamba usiweke. Ukikosea ukawaunganisha maadui, maji moto watamalizana wenyewe kwa wenyewe juu ya kamba yako, na mdudu mfyonzaji aitwaye mbu wa mikorosho atafyonza machipukizi yako bila wa kumsumbua.