Baki ni Nani? Kumsaidia Mtoto Kutatua Mafumbo ya Kugawanya
Mazungumzo kwa wazazi na walezi wa kata



Mtoto wa darasa la nne aweza kugawanya namba bila kosa, na bado akalikosa fumbo. Huulizwa: “Wanafunzi 200 watakaa kwenye madawati, kila dawati wanafunzi 3. Yanahitajika madawati mangapi?” Naye huandika: 66, baki 2. Hesabu yake ni sahihi, kwa kuwa 66 mara 3 ni 198, na 198 jumlisha 2 ni 200. Lakini hilo baki ni watoto wawili waliosimama. Jibu ni madawati 67.

Fumbo la pili: Mvuvi ana lita 50 za petroli, na kila safari ya kwenda na kurudi hutumia lita 8. Atakamilisha safari ngapi? Hupatikana 6, baki lita 2. Hapa mtoto asiongeze moja, kwani lita mbili hazitamrudisha mvuvi ufukweni. Jibu ni 6.

Fumbo la tatu: Sato 23 waligawiwa sawasawa kwa kaya 4, na waliosalia wakapikwa. Walipikwa wangapi? Kila kaya ilipata 5, wakabaki 3. Safari hii baki lenyewe ndilo jibu.

Basi mzazi, hata asiyekumbuka hesabu za shule, aweza kusaidia. Amwachie mtoto agawanye kwa punje za mahindi au vizibo vya soda, kisha amwulize: “Kilichobaki ni nini, na kinakwenda wapi?” Baki likilingana na kigawanyo au kukizidi, mgawanyo haujakamilika. Na jibu likizidishwa kwa kigawanyo, kisha likajumlishwa na baki, sharti lirudishe namba ya mwanzo.

Kwa watu wa ziwani somo hili ni zito. Tarehe 20 Septemba 2018, kivuko cha MV Nyerere kilipinduka kikikaribia Ukara, wilayani Ukerewe. Uwezo wake ulikuwa abiria 101. Waliopoteza maisha peke yao walizidi 220. Mwenyezi Mungu awarehemu.

Chukulieni kwamba abiria 250 wanangoja gatini, na chombo kinaruhusiwa kubeba 101. Ukigawanya, hupatikana safari 2, baki 48. Hao 48 ni safari ya tatu. Wakisukumiwa ndani ya safari ya pili, chombo kitabeba watu 149, na hesabu iliyoandikwa vizuri daftarini itakuwa imevunjwa majini.

Mtoto anayezoeshwa leo kuuliza baki ni nani, kesho atakuwa nahodha, mkata tiketi au abiria. Atajua kwamba anayebaki gatini anastahili kungoja zamu yake, na kufika salama.