Utu Uzima Dawa, Hata Nyuma ya Kamera



Vikaoni tunasikia kwamba filamu ni kazi ya vijana. Tunaomba tutoe mfano mmoja.

Abigail Disney wa Marekani alizaliwa mwaka 1960 katika ukoo ulioanzisha kampuni kubwa ya filamu. Hata hivyo, kwa miaka mingi yeye alijishughulisha na haki za wanawake na watu maskini wa New York. Mwaka 2006 alifika Liberia, akasikia habari za wanawake ambao mwaka 2003, Wakristo kwa Waislamu, walivaa nguo nyeupe wakakaa karibu na soko la samaki la Monrovia, juani na mvuani, wakidai amani. Wenzao walikwenda hadi Accra, wakakaa mlangoni mwa ukumbi wa mazungumzo wasiwaruhusu wajumbe kutoka. Mkataba wa amani ulitiwa sahihi Agosti mwaka huohuo.

Picha za wapiganaji zilikuwa tele. Za wanawake hao zilikuwa chache. Habari yao ilielekea kusahauliwa. Ndipo mama huyu, akiwa na miaka 46 hivi, akaingia kwenye filamu. Hakujifanya fundi: uongozaji alimwachia Gini Reticker mwenye uzoefu, yeye akawa mtayarishaji. Filamu yao, *Pray the Devil Back to Hell*, ilitoka mwaka 2008. Mwaka 2011 Leymah Gbowee, kiongozi wa wanawake wale, alipata Tuzo ya Nobel ya Amani. Mwaka 2015, Abigail alitoa *The Armor of Light*, filamu ya kwanza aliyoongoza mwenyewe.

Tunajifunza nini? Mtetezi wa siku nyingi anajua kusikiliza, na anajua nani ameachwa nje ya picha. Ufundi huazimwa, kuaminiwa na watu hakuazimwi.

Ni kweli, Abigail alikuwa na mali. Mama zetu wa vikundi hawana. Hapo ndipo tunapowahitaji, wafadhili: vifaa na mafunzo. Nanyi wanakamati, kabla ya kukodi mpiga picha wa mjini, mtazameni kwanza mama aliyeongoza kikundi miaka ishirini. Mpeni kamera, na kijana wa kumsaidia. Na wanaopigwa picha waione filamu kabla ya wageni.

Wazee wetu wanaondoka na habari zao. Tusingoje.