Kichwa Hakina Spea

Haya ni mazungumzo ya mwalimu mmoja wa michezo na wanafunzi wa klabu ya afya. Tumeyaacha jinsi alivyoyasema.

Marahaba, marahaba. Kaeni jamani. Nyie wa nyuma sogeeni mbele, mimi sing'ati.

Nimeombwa niongee juu ya kuumia michezoni. Najua mnategemea nianze na mpira. Nitafika huko, tena nina deni huko, mtalisikia. Lakini kwanza nataka niwape habari za dereva mmoja wa Marekani, Dale Earnhardt Jr. Mimi nimekulia gereji kwa baba yangu, magari ndiyo ugonjwa wangu, kwa hiyo mnivumilie.

Kule kwao kuna mbio za magari ya stoki. Zimeitwa hivyo kwa sababu zamani walishindana kwa magari ya kawaida tu, kama yalivyotoka kiwandani. Chama chao kikubwa, NASCAR, kilianzishwa mwaka 1948. Msifikirie rali, kwamba gari linapita porini peke yake na vumbi lake. Hizi ni za uwanjani, mnazunguka, magari zaidi ya thelathini yamebanana kama daladala za asubuhi, na pembeni kuna ukuta. Gari lina uzito wa kama tani moja na nusu. Kwenye uwanja wa Daytona linafika kilomita 300 kwa saa. Mbio kubwa ya pale ni mizunguko 200, yaani kama kilomita 800. Hebu fikirieni umekaa kwenye joto lile, hakuna kushuka kuchimba dawa!

Dale huyu anatoka kwenye ukoo wa madereva. Baba yake, aliyeitwa Dale vilevile, alikuwa bingwa mara 7. Tarehe 18 Februari 2001, mzunguko wa mwisho pale Daytona, mzee aligonga ukuta akafariki. Mfupa wa chini ya fuvu ulivunjika. Mtoto alikuwa kwenye mbio hiyohiyo, mbele yake, akamaliza wa pili. Wiki iliyofuata akarudi kwenye usukani.

Baada ya msiba ule, mwaka huohuo wa 2001, NASCAR ililazimisha kila dereva avae kifaa cha kuzuia kichwa na shingo visirushwe mbele gari linapogonga. Baadaye wakaweka na kuta zinazobonyea kidogo. Mambo hayo yameokoa watu. Lakini sikilizeni hapa: mkanda unashika mwili, helmeti inalinda fuvu. Ubongo wenyewe umo ndani, unaelea kwenye maji yake. Ukigonga ghafla, fuvu linasimama, ubongo bado unakwenda. Unajigonga, unajivuta, unajipinda. Hiyo ndiyo inaitwa mtikisiko wa ubongo. Huoni damu, huoni nundu. Wengi hata hawazimii.

Agosti 2012, Dale alikuwa anajaribu gari kwenye uwanja wa Kansas. Tairi likapasuka, akaenda ukutani. Alijua kabisa kichwa hakiko sawa. Mnadhani alisema? Thubutu! Msimu ulikuwa mzuri, ubingwa ulikuwa unanukia. Akanyamaza, akaendelea kushindana. Tarehe 7 Oktoba, pale Talladega, magari yakagongana kwa wingi mzunguko wa mwisho, na yeye akapigwa tena. Safari hii aliogopa. Akaenda mwenyewe kwa daktari, akakalishwa benchi mbio mbili.

Mngesema amejifunza, sivyo? Hapana. Alipona, akashinda ile mbio kubwa ya Daytona mwaka 2014, na watu walikuwa wanampigia kura mwaka hadi mwaka kuwa dereva anayependwa kuliko wote. Lakini kila akigonga, dalili zinarudi. Akawa anaziandika kwa siri kwenye simu yake. Leo kizunguzungu. Leo najisikia nimelewa na sijanywa kitu. Hakumwambia daktari wala timu. Baadaye aliyaeleza haya mwenyewe kwenye kitabu alichotoa mwaka 2018.

Kwa nini mtu mzima, tajiri, maarufu, afiche? Kwa sababu zilezile zenu. Aliogopa namba yake itachukuliwa. Aliogopa kuitwa mlegevu. Wahenga walishasema, mficha maradhi kilio kitamuumbua.

Mwaka 2016 kikamuumbua. Baada ya kugonga Michigan mwezi Juni, ilipofika Julai macho yake hayakuweza kutulia kwenye kitu kimoja. Akitembea, anachokitazama kinarukaruka. Anayumba. Hasira za ovyo. Hapo akasema yote. Akakaa nje mbio 18, nusu ya msimu mzima.

Mtaniuliza, mwalimu, alipewa vidonge gani? Dawa kubwa ilikuwa mazoezi. Mazoezi ya macho, ya kusimama bila kuyumba, ya kugeuza kichwa huku anatembea. Mara nyingine anapelekwa sehemu zenye watu wengi na makelele, mpaka ubongo uzoee tena. Miezi! Lakini alipona, kwa sababu sasa daktari alikuwa anajua ukweli.

Akarudi msimu wa 2017, akaumaliza salama, akastaafu mwenyewe akiwa na miaka 43. Na hapa ndipo ninapopapenda. Hakuacha magari. Alikuwa anakimbia mbio 36 kwa mwaka, akawa dereva wa mara moja moja. Kazi yake ikawa kutangaza mbio kwenye televisheni, na kuanzia 2018 akawa anaingia mbio moja moja kwenye ligi ya pili. Mwaka 2018 pale Richmond akashika nafasi ya 4. Mwaka 2019 pale Darlington, nafasi ya 5. Aliyeogopa kwamba akisema ukweli atapoteza kila kitu, ndiye huyo anaendesha kwa raha zake na kurudi nyumbani kwa mke na wanawe akiwajua majina.

Sasa deni langu.

Miaka kadhaa nyuma nilikuwa na beki mmoja hodari. Nusu fainali, akagongana vichwa na mshambuliaji. Akaanguka, akainuka anacheka. Nikammwagia maji, nikamwuliza, "Unaweza?" Akasema, "Naweza, mwalimu." Nikamrudisha. Dakika chache baadaye akaniuliza tunacheza na nani. Watu wakacheka. Mimi pia nilicheka.

Kwenye basi alitapika njia nzima. Wiki tatu hakuweza kusoma ubaoni, mwanga ulikuwa unamuumiza, usingizi hana. Mtihani wa moko akaanguka vibaya. Alipona, Mungu mkubwa. Lakini ile "naweza" yake ilikuwa woga wa kuniangusha mimi. Nami niliipokea kwa sababu nilitaka kombe. Nilikwenda kwao kumwomba radhi mbele ya wazazi wake. Mzazi akiniambia leo nisimguse mtoto wake, nitamwelewa.

Kwa hiyo yashikeni haya, iwe ni mpira, netiboli, au umeanguka kwenye baiskeli.

Mtu akipigwa kichwa, halafu kichwa kinauma, anaona kizunguzungu, kichefuchefu, anaona mawili mawili, amechanganyikiwa, anasahau, au anaonekana siye yeye, anatoka. Hakuna kurudi siku hiyo, hata akisema yuko poa. Ubongo uliotikisika ukipigwa tena kabla haujapona, hatari inakuwa kubwa zaidi, hasa kwa vijana wa umri wenu. Inaweza kuua.

Akitapika tena na tena, akipatwa degedege, kichwa kikizidi kuuma, akiongea kama mlevi, mkono au mguu ukilegea, mboni moja ya jicho ikiwa kubwa kuliko nyingine, au akiwa mgumu kuamka, ni hospitali, muda huohuo. Msingoje kesho. Shingo ikimuuma sana, msimnyanyue hovyo, tafuteni msaada.

Asiye na dalili hizo naye akaonwe na mganga wa kituo cha afya. Siku mbili za mwanzo apumzike, asiachwe peke yake. Kisha aanze taratibu: darasani kwanza, halafu kukimbia kidogo, halafu mazoezi. Kugombania mpira kunakuja mwisho, mganga akisharuhusu.

Na wewe uliyekaa benchi ukamwona mwenzako anayumba, sema. Huo siyo umbea. Atakununia leo, atakushukuru kesho.

Baba yangu gereji alikuwa na neno lake. Bampa likibondeka, tunanyoosha. Injini ikifa, tunatafuta nyingine. Kichwa, anasema, hakina spea hata ukienda Kariakoo.

Haya, maswali. Na yule beki wangu wa sasa, wewe pale, usijifiche. Jumanne uligongwa nikakuuliza, ukasema "naweza." Tukimaliza hapa, njoo tuongee.