Usiku Selma Ilipoingia Sebuleni

Jumapili, tarehe 7 Machi 1965, mamilioni ya Wamarekani walikuwa wakitazama filamu kuhusu kesi ya Wanazi, Judgment at Nuremberg. Ghafla kituo cha ABC kikaikatiza na kuonyesha picha za Selma, Alabama: askari wakiwapiga virungu na kuwarushia mabomu ya machozi Wamarekani weusi walioandamana kwa amani kudai haki ya kupiga kura. Aliyekuwa akiwahukumu Wanazi moyoni alijikuta akitazama ukatili wa nchi yake mwenyewe.

Kipigo kile hakikuwa kigeni huko Kusini mwa Marekani. Kilichokuwa kipya ni wingi wa mashahidi. Ndani ya siku chache makasisi, watawa na wanafunzi walimiminika Selma, na tarehe 6 Agosti Rais Lyndon Johnson akatia saini Sheria ya Haki za Kupiga Kura.

Ushindi ni wa waandamanaji, si wa kamera. John Lewis, mmoja wa viongozi wao, alivunjwa fuvu kwenye daraja walikopigwa. Lakini wakati ule mitandao mitatu ya televisheni ililionyesha taifa zima jambo lilelile. Leo Wamarekani wametawanyika katika chaneli zinazowaambia wanachopenda kusikia, na hiyo ni hasara kwa demokrasia yao.